Visiki Nilivyovifuta

Bikoni, ile alama ya wapimaji wa ardhi, imesimikwa ndani ya kumi na nane ya kiwanja cha mpira cha kijiji chetu, hatua chache tu kutoka goli la mashariki. Ni kipande cha zege, kimetokeza juu ya ardhi kimo cha kikombe cha chai, kichwani kimepakwa rangi nyekundu. Jumapili ile nilipofika watoto walikuwa wanapiga chandimu, wanaipita bikoni kushoto na kulia kana kwamba walizaliwa wakaikuta hapo. Mpira ukienda upande wa pili, kipa anaikalia.

Mwalimu alikuwa amesimama pembeni ya mstari, mkononi ana kijitabu chenye spairo ya bluu. Nilikijua kwa mbali. Kilitoka dukani kwangu.

"Shikamoo, Mwalimu."

"Marahaba, mwanangu. Hebu nisaidie. Ile orodha ya visiki iko ukurasa wa ngapi?"

Haikuwa kwenye ukurasa wowote. Niliifuta.

Wiki saba zimepita, na bado nalala nayo.

## Kaunta buku mbili

Nina steshenari ndogo hapa Dodoma mjini. Fotokopi, barua za kuomba kazi, picha za pasipoti, na msimu wa harusi kadi za michango. Mwaka juzi Mwalimu alishuka kwenye daladala na kikapu cha ukili, akaingia, akasubiri wateja wote waishe, ndipo akatoa kaunta buku mbili za kwaya tatu. Juu ya moja kaandika MICHEZO. Juu ya nyingine, KILIMO. Mwandiko ule ule ulionifundisha darasa la nne: wino wa bluu, vichwa vya habari kwa wino mwekundu, mistari miwili chini ya kila kichwa, kwa rula.

Alitaka nakala 40 za kila kimoja.

Kijijini kwetu, upande wa Mvumi, kila mtu anajua kwamba Mwalimu huandika. Misibani huitwa kusoma wasifu wa marehemu, na huwa anajua mambo ambayo hata wafiwa hawayajui. Lakini sikujua kwamba alikuwa anaandika vitabu. Nikamuuliza, kwa nini mpira na mashamba? Kwa nini si watemi, koo, asili yetu Wagogo?

Akacheka. "Hayo Mnyampala alishayaandika tangu mwaka 1954, na ni mtu wa hapo Ihumwa tu. Kitabu chake ninacho. Mimi naandika mambo ya saa kumi jioni."

Mtu wa kijijini anaelewa. Saa kumi jioni jua limepungua makali, jembe limerudi begani, na kama ni kiangazi mpira unaanza.

## Mpira ulioletwa na karanga

MICHEZO kinaanzia Kongwa. Baba yake Mwalimu alikuwa kibarua kwenye ule mradi wa karanga wa Waingereza, na kwa maelezo ya mwanawe alirudi nyumbani na vitu vitatu: blanketi, homa, na mpira wa ngozi wenye kamba. Kabla ya hapo watoto walicheza mpira wa matambara uliofungwa kwa katani.

Wenzangu wa kanda hii hawahitaji kusimuliwa habari za Kongwa. Ila nimeirudia sura hiyo mara kadhaa kwa sababu Mwalimu haiandiki kama kichekesho cha wazungu. Anaandika udongo. Mfinyanzi ule mvua ikikata unakauka ukawa kama sakafu, karanga zikabaki humo humo chini. Mradi ulianza mwaka 1947 kwa ndoto ya ekari zaidi ya milioni 3, ukafungwa mwaka 1951 baada ya kumeza karibu pauni milioni 36. Na matrekta yalivunjika, anasema, kwenye mizizi na visiki.

Visiki. Neno hilo lilipita mbele ya macho yangu wakati nachapa, wala halikunishtua.

Kisha inakuja ligi ya kijiji. Kila kiangazi baada ya mavuno, timu za vitongoji na wageni wawili watatu kutoka vijiji vya jirani, mshindi anaondoka na beberu. Au tuseme anaondoka na kamba, kwa sababu beberu huliwa jioni ile ile, na walioshindwa nao hukaribishwa. Magoli ni nguzo mbili na kamba ya katani juu. Refa ndiye aliyekuwa na saa.

Kuna fainali moja ya mwaka 1986 ambayo mpaka leo ukiitaja kwenye kilabu cha pombe unaweza kutoka na nundu. Sisi tunasema tulishinda 3–2. Wenzetu wanasema ilikuwa 2–2 na lile la tatu lilifungwa gizani, refa akiwa ameshaangalia saa. Nilitegemea Mwalimu, mtu wa kwetu, angeandika 3–2 akamaliza. Kaandika matokeo yote mawili, moja juu ya jingine, na mbele yake: "Mwandishi alikuwa uwanjani lakini hakuona."

Na kuna ukurasa wa Juma Ikangaa.

Ikangaa, mkimbiaji wa marathoni, ni mzaliwa wa Dodoma, na Mwalimu alimfuata kwa redio miaka yote. Mwaka 1982 kule Brisbane, Michezo ya Jumuiya ya Madola, medali ya fedha. Mwaka 1989, New York, mshindi kwa saa 2 dakika 8 na sekunde 1, rekodi ya njia ile kwa wakati huo. Ila kilichomkaa Mwalimu rohoni ni Boston ya mwaka 1988, ambako Mkenya Ibrahim Hussein alimaliza kwa 2:08:43 na Ikangaa kwa 2:08:44. Sekunde moja, baada ya kilomita 42 na ushee.

Kesho yake Mwalimu alitutoa darasani akatupeleka kiwanjani na kamba ya ng'ombe. Mita 42,195, gawanya kwa sekunde 7,724. Tukapata mita tano na karibu nusu. Ndio urefu wa sekunde moja kwa mtu anayekimbia vile. Tukaipima kuanzia mstari wa goli, ikaishia karibu kabisa na mstari wa boksi dogo la kipa, maana lenyewe ni mita 5.5.

"Huyu mtu," akasema, "amekosa Boston kwa umbali wa kipa kutoka golini kwake."

Nilikuwepo. Nilishika ncha ya ile kamba. Bikoni ya leo imekaa hapo hapo.

## Dungu na kombeo

KILIMO nilikichapa kwa uvivu, nakiri. Mimi ni mtoto wa mkulima aliyekimbilia mjini ili asilime, na kusoma habari za jembe saa nane mchana, feni ikiwa imekatika umeme, si burudani.

Humo mna kuberega, ule ulimaji wetu wa kuparua juu juu bila kutifua, ambao mabwana shamba wamekuwa wakitukemea kwao tangu enzi. Mna uwele na mtama na sababu za babu zetu kutoyaamini mahindi: mvua yetu ni ya msimu mmoja, Desemba mpaka Aprili, milimita 500 na kitu kwa mwaka mzima, na katikati ya Januari au Februari inaweza kukaa wiki tatu bila kuonekana. Uwele unavumilia. Mahindi hunyauka kwanza, halafu hukuuliza kwa nini ulinipanda.

Mna zabibu, kwa ufupi mno na kwa wivu kidogo, nadhani. Zinavunwa mara mbili kwa mwaka, lakini si za kwetu. Ni za wenzetu wenye maji.

Halafu kuna sura ya ndege.

Kwelea kwelea mmoja anakula gramu 10 hivi za nafaka kwa siku. Mwalimu, kama kawaida yake, anafanya hesabu: kundi la ndege milioni moja ni tani 10 kwa siku, yaani magunia 100 ya kilo mia mia, na jua halijazama. Kwa hiyo watoto tuliamia ndege. Unapanda dunguni kabla hakujapambazuka, una kombeo na vidonge vya udongo ulivyovifinyanga jana yake, unapiga kelele mpaka sauti inakauka. Wiki nne, wengine sita. Shule inasubiri.

Hapo Mwalimu anaandika jambo ambalo lilinifanya niache kuchapa. Anasema kijiji chetu hakikuwahi kukosa kipa. Makipa wetu walirusha mpira kwa mkono ukavuka katikati ya uwanja, na wageni wakadhani tuna dawa. Dawa ilikuwa kombeo.

Niliacha kuchapa kwa sababu marehemu baba yangu alikuwa kipa. Bega lake la kulia lilikuwa chini kuliko la kushoto. Nilikua nikiamini aliumia mpirani.

## "Hapakuchezwa"

Nilivichapa kama vitabu viwili, nikavifunga kama vitabu viwili, kimoja spairo ya bluu na kingine nyekundu. Ni baada ya ile Jumapili ndipo nilivisoma vikiwa wazi pamoja mezani, na nikaona nilivyokuwa mjinga.

Mwaka 1974, MICHEZO kina neno moja tu: "Hapakuchezwa." Hakuna maelezo. Nilipokuwa nachapa nilidhani alisahau.

Fungua KILIMO, mwaka 1974. Masuke yalitoka mafupi kama kidole gumba. Watu wazima walikwenda Kilosa kutafuta vibarua. Serikali ikaleta mahindi ya njano ya nje, yale watu waliyoyaita yanga, na kulikuwa na mzee mmoja shabiki wa Simba aliyekuwa akienda kuyapokea anaomba "yale mengine". Kwenye ukurasa wa njaa Mwalimu kaacha kicheko kimoja. Kwenye ukurasa wa mpira hakusema chochote.

Mwaka 1979 zilicheza timu nne badala ya nane. KILIMO kinasema palizi ilikuwa ya wanawake na wazee, vijana walikuwa vitani Kagera.

Kila palipo na pengo kwenye kimoja, kingine kina jibu. Mavuno mazuri, beberu wawili na wageni wengi. Mavuno mabaya, kimya. Hata ile Mtunya, njaa ya mwaka 1917 hadi 1920, ambayo majeshi ya Wajerumani na ya Waingereza yalipita yakakomba ng'ombe, nafaka na vijana wa kubeba mizigo, halafu mvua nayo ikagoma, Mwalimu anaifungulia KILIMO kwa maneno ya bibi yake: "Mwaka ule watoto hawakucheza."

Alikuwa ameandika kitabu kimoja. Mimi ndiye niliyekifunga spairo mbili.

## Nilichofuta

Sasa visiki.

Mwaka 1971 ilipita Operesheni Dodoma, kaya zilizokuwa zimetawanyika kila moja na boma lake zikaletwa pamoja kuwa kijiji. Hili Mwalimu analieleza kwa pande zote mbili bila kulipaka asali: watu waliacha mashamba ya karibu na nyumba, yale yaliyokolea samadi ya miaka, na wengine hawakuyapata tena. Lakini pia kwa mara ya kwanza palikuwa na watoto wa kutosha timu mbili sehemu moja.

Watoto wakakosa uwanja. Mzee mmoja alikuwa na shamba la uwele pembeni ya kijiji kipya, limechoka, na njia ya ng'ombe sasa ilikuwa inapita katikati yake. Mwaka 1972 baada ya kupura akasema mbele ya wazee: limepumzika, na likae kwa ajili ya watoto. Watu wakatoka na majembe na mitaimbo kung'oa visiki.

Habari hiyo yote haimo kwenye MICHEZO. Imo kwenye KILIMO, sura ya mashamba yaliyopumzishwa, kwa sababu kwa Mwalimu lile bado ni shamba, limelala tu. Na baada yake inafuata orodha ya watu 31. Namba, jina, jina la baba, kitongoji, visiki alivyong'oa. Wa kwanza vinne. Wa pili kimoja, "kikubwa". Wa tatu viwili na uji. Mama huyo aliwapikia wengine.

Nilichapa mpaka wa saba nikachoka. Nikajiambia, nani atataka kujua mwaka 1972 nani aling'oa visiki vingapi? Karatasi ina gharama, mzee mwenyewe analipa kwa pensheni. Nikaandika: "Wanakijiji wengi walijitolea kusafisha eneo hilo."

Nilijiona mhariri.

Mwalimu aliposoma nakala ya kwanza pale dukani alifika kwenye ule mstari, akasimama kidogo, akaendelea. Hakusema neno. Nilidhani ameridhika. Sasa najua ile ni adabu ya mtu ambaye hajazoea kumsahihisha mtu mzima mbele ya wateja wake.

## Kikao chini ya mkwaju

Mji unakuja. Tangu Serikali ilipohamia, na Dodoma kuwa jiji mwaka 2018, kila upande wa barabara ni tofali na mchanga. Sipingi, fotokopi zangu zinalishwa na viwanja hivyo hivyo. Neno lenyewe ni hilo hilo, ndilo linanichekesha na kuniuma: kiwanja kimoja kinageuka viwanja kumi na mbili bila hata kubadilisha jina.

Wapimaji walipofika waliona nini? Eneo tambarare, halina nyumba, halina mazao, halina mti. Kwa macho ya mgeni, ardhi ya bure.

Wazee wakaomba kikao. Afisa aliyekuja alikuwa kijana mwenye heshima, aliamkia wote mmoja mmoja, sina neno naye. Akauliza swali la kawaida kabisa: "Wazee wangu, lilitolewa lini, na nani, mbele ya nani? Mna muhtasari wowote wa mkutano?"

Sheria ya Ardhi ya Vijiji ya mwaka 1999 inaitambua ardhi ya matumizi ya pamoja. Lakini lazima pawe na mtu wa kusema ilikuwaje ikawa ya pamoja, na muhtasari wa mwaka 1972 hakuna aliyejua ulipo.

Ndipo Mwalimu akainuka na kijitabu. Akapekua. Akapekua tena. Akasoma kwa sauti, kwa ile sauti ya imla: "Wanakijiji wengi walijitolea kusafisha eneo hilo."

Kijana akasubiri kidogo, pengine kuna zaidi. Kisha akaandika kitu kwenye karatasi yake.

Nimejitetea kwa kila namna. Orodha si hati. Majina ya watu wengi wao marehemu yasingebadilisha ramani. Hata yangekuwepo, angesema asante mzee na kuendelea. Haya yote huenda ni kweli, na mume wangu amenirudishia mara nyingi kuliko nilivyomwomba. Lakini wajukuu wa wale 31 walikuwa wamekaa pale chini ya mkwaju, nusu ya kikao. Wangesikia majina yao. Badala yake walisikia "wanakijiji wengi", wakanyamaza, kama watu wasiohusika.

## Namba 14

Wiki iliyopita nilifunga duka siku ya kazi, nikaenda na kompyuta mpakato.

Kaunta buku ya KILIMO ilikuwa kwenye sanduku la bati chini ya kitanda. Mchwa walikuwa wameipata kwa chini. Kurasa za mwisho zilikuwa na matundu yenye kingo za udongo mkavu, na ukizifunua vumbi linadondoka mapajani. Orodha ya visiki ilikuwa imeponea karibu yote. Mwalimu akavaa miwani, akasoma. Mimi nikachapa.

Safari hii sikuharakisha. Akifika kwenye jina anasimama, anasema huyu ndiye aliyekuwa na baiskeli, huyu mwanawe yuko Singida, huyu alikuwa mvivu lakini siku ile alikuja. Nikauliza niyaandike na hayo. Akasema hapana, hayo ni ya kusimulia. Kilichoandikwa ni kilichoandikwa.

Kuhusu kile kiwanja, tumeambiwa suala linaangaliwa. Bikoni bado ipo.

Namba 9. Namba 10. Mke wake akatuletea uji wa uwele na karanga, akatusimamia kidogo kusikiliza, akataja jina moja kabla Mwalimu hajalifikia, likawa ndilo.

Namba 14 mchwa walikuwa wamelila. Ilibaki namba yenyewe, na mwisho wa mstari, kwa wino mwekundu uliopauka: visiki 6. Hakuna mwingine aliyefikisha sita.

Mwalimu akavua miwani. Akafikiri muda mrefu. Nikamtajia jina la mzee mmoja aliyesifika kwa nguvu, nikamwambia lazima atakuwa yeye, tuliweke tu. Mkewe naye akasema inaelekea.

"Inaelekea," Mwalimu akasema. "Weka namba. Weka visiki sita. Katikati acha mstari."

Nikauacha.

"Refusha kidogo," akasema. "Huenda jina lake lilikuwa refu."